Mnada wa Paris: Barua kwa Shangazi wa Kiboriloni

Shangazi, shikamoo. Wasalimie wote hapo kibandani, hata yule jirani anayekuibia wateja. Mimi ni mzima. Baridi ya huku kali, lakini lile koti ulilonichambulia kwenye belo la mitumba linapambana nayo. Wazungu wananisifia. Sijawaambia kwamba limerudi kwao.

Jumapili ya kwanza ya mwezi nilikwenda Musée d'Orsay kutazama michoro. Usishtuke: siku hiyo kuingia ni bure, na damu ya Kichaga unaijua. Jumba lilikuwa stesheni ya treni, tangu 1986 ni makumbusho, na limejaa kazi za wachoraji waitwao Waimpreshonisti. Leo watu wanawapangia foleni. Lakini habari zao za mwanzo ungezipenda wewe hasa, maana ni habari za biashara.

Enzi hizo mchoraji wa Paris alikuwa na soko moja tu la maana, maonyesho yaliyoitwa Salon, na mlangoni kamati ya wazee inachambua: hii ipite, hii irudi ilikotoka. Monet, Renoir, Pissarro na wenzao wakachoka kurudishwa. Mwisho wa 1873 wakaunda ushirika. Nasema ushirika kweli, wenye wanachama na michango. Tarehe 15 Aprili 1874 wakafungua maonyesho yao katika iliyokuwa studio ya mpiga picha Nadar, kiingilio faranga 1. Watu kama 3,500 walikuja, wengi wao kucheka. Mwandishi mmoja wa gazeti la masihara, Louis Leroy, aliiona picha ya Monet iitwayo Impression, soleil levant, jua linachomoza bandarini, akalichukua jina lake na kuwabandika wote kwa kejeli. Ndilo linalowatambulisha hadi leo.

Mwisho wa mwaka hesabu ilipopigwa, kila mwanachama alikuwa anadaiwa faranga 184 na nusu. Ushirika ukavunjwa. Hapo msomee Baba Mdogo polepole, yeye na kahawa yake wameona mengi ya ushirika.

Machi 1875 baadhi yao wakaenda mnadani, Hôtel Drouot. Unajua pale kwetu dalali anavyoinua suruali juu na umati unazomea kabla hata hajataja bei? Ndivyo ilivyokuwa, ila huku polisi waliitwa. Picha nyingi zilikwenda kwa bei ya kutupa. Aliyepata bei ya juu kuliko wote ni Berthe Morisot, mwanamke. Nilijua utalipenda hilo.

Humo Orsay, mimi nilikwama mbele ya picha ya marundo ya ngano. Monet aliyachora kijijini kwake Giverny, 1890 hadi 1891, kama mara 25: asubuhi, jioni, kwenye theluji, kwenye ukungu. Anakaa na turubai kadhaa pembeni. Mwanga ukigeuka, anaiweka hii chini anashika nyingine. Angefanya hivyo kihambani kwa Babu, angepewa panga akakate majani ya ng'ombe. Na mwaka 2019 picha moja ya hayo marundo iliuzwa New York kwa dola milioni 110.7. Ngano yenyewe sijui kama ililipa hata gharama ya kuivuna.

Ukiikaribia hii ya Orsay unaona rangi zimepakwapakwa tu, kama mtoto kafutia mikono ukutani. Rudi nyuma hatua tano: jioni inaingia, mpaka unatafuta sweta. Monet anastahili, mimi namkubali. Wenzangu ukumbini waliipa picha mgongo wakajipiga picha wenyewe. Mlinzi alinitilia shaka mimi, kwa kuwa ndimi pekee niliyekuwa naitazama.

Lakini usidhani nimesahau wa kwetu. Sam Ntiro, mtu wa Machame, aliyesoma Makerere na London na baadaye akawa balozi wetu hukohuko London, hakuhangaika na mwanga. Alichora watu wakiwa kazini, wengi, wadogo wadogo, rangi zimekolea. Mwaka 1956 alichora wanaume wakipeleka mbege kwa bibi harusi usiku, na 1960 jumba la MoMA la New York likainunua picha hiyo. Monet alimaliza turubai 25 kwa marundo. Ntiro kwenye moja kaweka msafara mzima, na mbege juu.

Nimemwagiza binamu aliyeko New Jersey akaangalie kama wameitundika. Akauliza kiingilio. Nikamwambia dola 30, ila Ijumaa jioni ni bure kwa wakazi wa jimbo la New York. Sasa anatafuta chumba cha kupanga ng'ambo ya mto.