Malkia wa Barafu Atokwa Jasho

Februari, Dar es Salaam. Feni inazungusha hewa ya moto, na mtoto anatimiza miaka miwili. Mama kaagiza keki ya Elsa, malkia wa barafu wa filamu ya Frozen ya mwaka 2013. Theluji tunaijua ya kileleni Kilimanjaro tu, tena kwa picha, lakini keki lazima iwe nayo.

Bahati mbaya fondanti inayoifunika keki ni sukari, na sukari hunyonya unyevu. Ikitoka tu kwenye friji, hewa ya Pwani inaivamia: buluu inachuruzika, na krimu ya siagi iliyo chini yake, ambayo siagi yake huyeyuka kwenye nyuzi 32 hadi 35, inaanza kuteleza. Saa ya picha inapofika, malkia kabaki na jicho moja. Wageni, kwa adabu, wanamsifia msuko.

Mwenye sherehe analamba fondanti, anaitema, anaomba soda. Keki si yake jamani. Ni ya majirani, mawifi na WhatsApp.

Wakati huohuo Akili, binti wa katuni wa miaka minne anayeishi chini ya Kilimanjaro, aliyebuniwa hapahapa Dar es Salaam na shirika la Ubongo, anasubiri kuagizwa. Kosa lake labda ni kuzaliwa nyumbani.

Mzazi mwenzangu, mtoto wa miaka miwili anataka mshumaa wa kupuliza na kipande cha kushika mkononi. Mengine yote ni sherehe yako. Andika jina lako kwenye keki.