Nadharia ya Kiporo: Jaribio la Kuainisha Zama za Mazimbu

Wanaochunguza jinsi jamii zinavyobadilika wana maradhi ya kurithishana: hawawezi kuona kundi la watu bila kutafuta ngazi ya kulipandisha. Lewis Henry Morgan, wakili wa New York aliyegeuka mwanaanthropolojia, mwaka 1877 alitenga madaraja matatu, yaani ushenzi, ubarbari na ustaarabu, na jamii ilijulikana kuingia daraja la pili pale ilipoanza kufinyanga vyungu. Walt Rostow, mwaka 1960, aliyafikisha matano. La tatu uchumi unapaa, la tano kila familia inanunua vitu hadi nyumba inajaa. Ibn Khaldun, aliyemtangulia Morgan kwa karne tano kamili, hakuhangaika na madaraja. Yeye alipima umri: dola hupewa vizazi vitatu, miaka 40 kila kimoja, kisha buriani.

Watanzania tulipewa ngazi yetu shuleni. Aliyepita sekondari hata ukimwamsha saa nane za usiku atakutajia bila kukosea: ujima, utumwa, ukabaila, ubepari, ujamaa. Akiulizwa yeye mwenyewe anaishi kwenye kipi, hapo ndipo atakapoomba arudi kulala.

Kwa kuwa ngazi bila ukuta wa kuegemea haina faida, makala haya yamechagua ukuta. Nao ni Mazimbu, kilomita chache kutoka katikati ya Morogoro, mji kasoro bahari, chini ya macho ya Milima ya Uluguru. Sababu ya kitaaluma ya uchaguzi huo ni nzito. Mazimbu ni mahali ambapo ngazi yenyewe ilikuwa somo.

Baada ya watoto wa Soweto kupigwa risasi tarehe 16 Juni 1976, vijana wengi walivuka mipaka ya Afrika Kusini, na chama cha ANC kikajikuta na jeshi la wanafunzi wasio na shule. Mwaka 1977 serikali ya Tanzania ikakipa chama hicho shamba la mkonge lililokwisha telekezwa pale Mazimbu. Shule iliyojengwa ikapewa jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa Pretoria tarehe 6 Aprili 1979 akiwa na miaka 22. Oliver Tambo aliifungua rasmi Agosti 1985, ingawa masomo yalikwisha anza miaka kadhaa nyuma. Na ndani ya madarasa hayo, pamoja na hisabati na biolojia, lilikuwamo somo la maendeleo ya jamii za binadamu, hatua kwa hatua, kwa mujibu wa Marx na Engels. Masomo mengine yalikuwa na mitihani ya London. Basi kijana huyohuyo aliyethibitisha asubuhi kwamba ubepari uko mahututi, mchana alijiandaa kwa karatasi ambayo ingesahihishwa na Mwingereza.

Tuijaribu ngazi hiyo kwa kutazama tu nje ya dirisha la darasa.

Ujima kwanza. Morgan alidai kwamba kuhesabu ukoo kwa upande wa mama ni jambo la kale, na Engels, mwaka 1884, akalichukua wazo hilo na kueleza jinsi haki ya mama ilivyoporomoka mara mali ilipoanza kulimbikizwa. Waluguru hawakuarifiwa. Mpaka leo mtoto wa Kiluguru ni wa ukoo wa mama yake, mjomba ana neno zito kuliko baba katika mambo yanayouma, na ardhi ya ukoo huko mlimani imeshikwa kwa njia hiyo. Mali nayo imelimbikizwa kama kawaida: mboga za Mgeta zinashuka kwa malori kuelekea Dar es Salaam, viungo vya Matombo vinauzwa, simu zipo. Ama Engels alikosea, au milima ina mwinuko unaozuia nadharia kupanda.

Utumwa na ukabaila vinaleta tabu zaidi. Katikati ya karne ya 19 mji huu ulikuwa ngome ya Kisabengo, Mzigua aliyekusanya watoro, wakiwamo watumwa waliowakimbia mabwana zao. Hao waliokimbia kutekwa wakaongozwa na mtu ambaye naye aliteka. Bintiye, Simbamwene, alimrithi. Msafiri Stanley alipopita mwaka 1871 akaona ukuta wa mawe na minara. Misafara ya kutoka pwani ililipa hongo ndipo ipite. Sasa tuiweke wapi jamii ya watumwa walio huru, chini ya mtawala mwanamke, inayoishi kwa kutoza ushuru wa njia? Mtahini wa kidato cha pili angeandika "haieleweki" kwa wino mwekundu.

Ubepari ndio ulioonekana kuja kwa adabu, kwa tarehe. Mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 ya mkonge kutoka ng'ambo. Iliyofika hai Afrika Mashariki ni 62. Kutokana na hiyo 62 yakazaliwa mashamba ya Tanga na Morogoro, na reli kutoka Dar es Salaam ikafika Morogoro mwaka 1907. Lakini ukiuchungulia ubepari huo kwa karibu, unakuta umevaa nguo za watu. Manamba, yaani vibarua wa mkataba, waliletwa kutoka mbali, wakafanya kazi kwa kipande, siku 30 za kazi zikijazwa moja baada ya nyingine kwa muda wowote zitakaochukua. Mshahara ulikuwa mdogo kiasi cha kumtosha mtu mmoja tu, kwa hesabu kwamba mkewe na watoto wanalishwa na shamba la nyumbani. Yaani tajiri aliweza kulipa kidogo kwa sababu ujima, ule uliokwisha kufa kitabuni, ulikuwa unamlipia nusu ya gharama. Hapa ndipo mwandishi wa makala haya alipoiacha ngazi na kwenda jikoni.

Pendekezo ni hili. Jamii haipandi, jamii inakula kiporo. Kila zama huamka asubuhi na kukuta chungu cha zama iliyopita kina kitu, na kabla ya kupika chake, hula kilichopo. Kazi ya mwanahistoria ni kuinua kifuniko na kuainisha. Uchunguzi wa Mazimbu umetoa aina tatu, na nne ikiwa msomaji atakuwa na subira.

Aina ya kwanza ni kiporo cha kupasha: kitu kinachopita kutoka zama hadi zama kikifanya kazi ileile, kimebadilika wenyewe tu. Tarehe 9 Julai 1992, ANC ikiwa imekwisha ruhusiwa nyumbani tangu Februari 1990, Mazimbu ilikabidhiwa kwa serikali ya Tanzania na kuwa kampasi ya Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine. Madarasa yakabaki madarasa. Mabweni yakabaki mabweni. Hospitali iliyojengwa kwa msaada wa Waholanzi iliendelea kupokea wagonjwa, nao wagonjwa hawana itikadi. Hata jina halikuguswa: Kampasi ya Solomon Mahlangu. Kwa hiyo leo kijana wa Kigoma au Newala anayesomea ualimu wa sayansi hulitaja mara kadhaa kwa siku jina la kijana wa Pretoria aliyekufa muda mrefu kabla yeye hajazaliwa, hasa anapopatana nauli na bodaboda.

Kipimo cha Ibn Khaldun kinatetereka hapa. Dola ya ANC pale Mazimbu ilidumu miaka 15, haikumaliza hata kizazi kimoja, ilhali chuo kilichoirithi kimekwisha ipita mara mbili. Mpango mzima wa shule ile ulikuwa kuandaa watu wa kuongoza nchi huru: walijifunza kulima, kufuga, kuchonga fanicha katika karakana yao wenyewe, ili siku ya kurudi wajue kila kitu. Siku ilifika. Waliondoka na kuacha mashamba, karakana na nyumba, na Tanzania, ambayo haikuwa kwenye mpango huo isipokuwa kama mwenyeji, ikahamia ndani. Kama kuna kanuni hapo, ni kwamba anayejenga kesho hujengea mpangaji asiyemjua. Mjerumani hakupanda mkonge ili Soweto ipate shule. Wenye mashamba waliofuata hawakudhani kwamba nailoni ingeshusha bei ya katani hadi ardhi yao iwe bure ya kugawa. Wafadhili wa Skandinavia nao hawakukusudia kufadhili shahada za Watanzania, ingawa nadhani hawana kinyongo.

Aina ya pili ni ukoko. Huu hauliki kirahisi wala hautoki; umeshika chungu, na kila kinachopikwa juu yake kinapata ladha yake. Ukoo wa mama niliokwisha utaja umo humu. Umo pia ule utaratibu wa Kingalu, mtawala wa Waluguru aliyesifika kwa mvua: jina hilo huvaliwa na mrithi, kisha mrithi wa mrithi, hivyo Kingalu hafi bali hubadilisha mwili. Wajerumani walimkuta, Waingereza walijaribu kumpanga kwenye mafaili, serikali huru ikafuta machifu. Soko kuu jipya la Morogoro linaitwa Soko Kuu la Chifu Kingalu. Pale mama kutoka mlimani anapanga karoti zake na kulipa ushuru kwa manispaa, na Kisabengo, popote alipo, lazima anatikisa kichwa kwa kukubali.

Aina ya tatu ni kiporo kilichochacha, na hiki kinahitaji tahadhari kwa sababu mwanzoni kilikuwa chakula kizuri. Katika miaka ya 1950 Waingereza waliona kwamba udongo wa Uluguru unaporomoka, jambo ambalo lilikuwa kweli. Wakaamuru matuta ya ngazi (msomaji atambue kwamba ngazi zinatufuata) yachimbwe kwenye miteremko, kila mwenye nguvu atoe siku zake. Ardhi ile ina udongo wenye rutuba juu tu. Kuchimba ngazi kuliuleta juu udongo wa chini usiootesha kitu. Wenye shamba waliliona hilo msimu wa kwanza. Wenye amri waliliona baadaye. Mwaka 1955 watu wa Matombo wakakataa, ghasia zikazuka, polisi wakafyatua risasi, mtu akafa, na mradi ukafa naye. TANU, iliyokuwa na umri wa mwaka mmoja, ikapata masikio mengi mlimani bila jasho.

Tangu hapo kila bwana shamba anayepanda Uluguru kuhubiri hifadhi ya udongo huanza kwa kunywa uji na wazee, kuulizia hali ya watoto na kusifu ndizi, ndipo, kama jua bado lipo, ataje mteremko. Maarifa yenyewe hayana kasoro. Wapo Waluguru wanaotengeneza matuta leo, kwa hiari, pale yanapofaa. Lakini ushauri uliowahi kuletwa na polisi hunuka polisi kwa muda mrefu, na wataalamu wanaoushangaa ukaidi wa wakulima wangeshangaa kidogo zaidi kama wangeanza na faili la 1955.

Kiporo cha aina hiyo kipo kingine, nacho ni ngazi yenyewe. Mwaka 1991 Azimio la Zanzibar lililegeza masharti ya Azimio la Arusha, na Desemba mwaka huohuo Umoja wa Kisovieti ukavunjika. Kwa hesabu ya somo lililokuwa likifundishwa Mazimbu, jamii nzima za binadamu zilikuwa zinashuka kutoka hatua ya tano kurudi ya nne, jambo ambalo mtaala haukuwa na sura yake. Miezi michache baadaye shule ikafungwa. Kwa wasomaji wanaopenda kuhusisha mambo, ieleweke kwamba ilifungwa kwa sababu wanafunzi walikuwa wanarudi kwao.

Sasa kile cha nne, ambacho bado kinasumbua uainishaji. Katika miaka ile 15 Wasauzi na Wamorogoro walipendana, kwa kiasi ambacho hakuna mtaala uliokitabiri. Wengine walifunga ndoa na kuondoka pamoja. Wengine hawakuondoka pamoja. Watoto walizaliwa, na swali la mtoto ni wa nani likapelekwa mbele ya sheria mbili ambazo hazijawahi kukutana. Kwa Waluguru jibu ni jepesi: wa mama, mahari yawe yamelipwa au hayajalipwa. Kwa Wazulu na Waxhosa mtoto ni wa ukoo wa baba, mradi ng'ombe wametoka. Wasipotoka, mtoto hubaki kwa kina mama. Na mpigania uhuru uhamishoni, anayeishi kwa posho ya chama, ng'ombe angewatoa wapi?

Kwa hiyo palepale ambapo nadharia ilitarajia mgongano mkali kati ya jamii ya ukoo wa mama na jamii ya ukoo wa baba, zikiwa hatua mbili tofauti za historia kwa mujibu wa Engels, pakatokea makubaliano kamili kwa sababu ya ukata. Chukua mfano wa mtu aliyezaliwa Mazimbu mwaka 1988. Ukoo wake ni wa mlimani, baba yake ni wa harakati, alijifunza kutembea kwenye shamba la mkonge la kibepari lililogeuzwa shule ya kijamaa, na yumkini amesomea shahada yake katika majengo yaleyale. Ngazi ya Morgan haimpati na ya Rostow inampata mara tatu. Fomu yake ya uainishaji imebaki na nafasi wazi kwenye mstari wa "hatua", na mjomba wake, aliyeombwa asaidie kuijaza, ameuliza kwanza fomu hiyo inalipa posho ya kikao kiasi gani.