Shujaa wa Kitandani

Mahindi yakianza kutoa ndevu hapa Mandawa, mashujaa nao huchipua. Utawakuta kijiweni asubuhi, kikombe cha kahawa mkononi, kila mmoja akieleza ambavyo angemtimua tembo. Bahati mbaya usiku ule hakuwapo.

Mimi nilikuwapo, juu ya dungu, na tochi na debe, meno yananigongana. Tembo dume mzima hufika tani sita. Debe langu ni lile la mafuta ya kula la lita 20. Piga hesabu mwenyewe, halafu uniambie nisitetemeke.

Sasa jirani yangu ananicheka mbele za watu: “Mjomba, jana ulipiga kelele kama mtoto! Sauti ilikuwa inatetemeka, tumeisikia hadi nyumbani. Mwoga wewe!” Wameisikia hadi nyumbani. Kumbe alikuwa macho, kajifunika gubigubi, anasikiliza mahindi ya mwenzake yakiliwa, na bado mwoga ni mimi.

Halafu anatuletea Majimaji, eti mababu zetu hawakujua hofu. Mjomba, kama mwaka 1905 hawakuogopa risasi za Wajerumani, dawa ya maji ya Kinjikitile walikuwa wanaitafutia nini? Kiu? Waliogopa vizuri tu, kama watu wenye akili, ndiyo maana wakataka kinga. Kisha wakaenda. Asiyeogopa risasi hana haja ya dawa. Ana haja ya kupelekwa kwa mganga.

Mimi simdai mtu ushujaa. Kwa mwoga huenda kicheko, walisema wahenga, na mimi bado nataka kucheka miaka mingi. Akimwona tembo, akimbie. Hata mimi hushuka dunguni nikakimbia, tena bila kuaga. Ninachomdai jirani ni kulala shambani kwake zamu yake ikifika. Zamu yake ikifika, mgongo humuuma. Mgongo huo una kalenda.

Juzi tembo wamepita kwake. Alipokuja afisa kuandika hasara, jirani akawa wa kwanza kujiandikisha kifuta jasho. Akaambiwa aongoze njia akaonyeshe shamba. Akanigeukia, mpole kama mkwe: “Mjomba, una nafasi unisindikize?”

Nikaenda. Njia nzima alitembea nyuma yangu na nyuma ya afisa, akitufundisha namna ya kumpiga tembo.