Mfipa Ajifunze Kulima

Tukubali yaishe: Mfipa wa Rukwa hajui kulima. Mvua zikikaribia kuisha anainama na jembe, anafukia nyasi kwenye tuta la ntumba zioze, juu yake anapanda maharage. Msimu ujao analitawanya tuta, anaweka mahindi. Mbolea hiyo hana hata risiti yake! Benki itamjuaje mtu wa namna hii?

Wenzetu wa Iowa, Marekani, wanamwaga mbolea hadi Mississippi inashiba, inapeleka salio Ghuba ya Meksiko, na kila kiangazi samaki wanaipisha. Zaidi ya theluthi ya mahindi ya Marekani huenda kuwa ethanoli, kwa sababu magari nayo yana njaa. Bei ikianguka, serikali yao inamfuta mkulima machozi kwa mabilioni ya dola. Yetu mwaka 2017 ilitukinga na majaribu ya utajiri: ikazuia mahindi kuvuka mpaka, tukabaki nayo Sumbawanga tukitazamana.

Wala wenzetu hao wa Iowa hawakuwa wachoyo. Mwaka 2011 kampuni ya AgriSol ya hukohuko Iowa ilikuwa na mpango wa kulima hekta zaidi ya 300,000, zikiwemo za Katumba na Mishamo, enzi hizo bado mkoani Rukwa. Dosari ilikuwa ndogo tu: palikuwa na watu, tena wanalima, tangu miaka ya 1970. Mpango ukayeyuka. Tukaachiwa jembe letu na mnunuzi wa lumbesa, fundi wa kushona gunia likaota kichwa na shingo, akalipa kiwiliwili.