Sisi ni Ndugu

Hongera, baba mwenye nyumba. Siku ya kupokea kodi ya miezi sita, taslimu, ulisema mkataba wa nini, sisi ni ndugu. Risiti ukaahidi kesho. Undugu ukakatika siku mbili tu baada ya kodi kuisha: ukaja na fundi, mkang'oa mlango, mkaupakia kwenye bajaji, choo cha uani mkakitia kufuli.

Sasa mko kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, lililowekwa kwa sheria ya mwaka 2002. Mwenyekiti anauliza mkataba uko wapi. Wewe unamtazama mpangaji, mpangaji anatazama dari, wazee wa baraza wanakohoa. Shauri linaahirishwa. Wakili analipwa. Linaahirishwa tena, wakili hachoki kulipwa.

Nawe mpangaji usichekelee. Umetundika pazia mlangoni, unalala bure, kila ukidaiwa unajibu, "Tuko barazani, mzee." Ukishindwa, utakata rufaa Mahakama Kuu.

Mlikuwa mkigombea kodi ya mwezi mmoja. Leo mmepatana katika jambo moja: nyote wawili mnadaiwa na mawakili.