Hongera, Papa, Umepata Nyumba

Papa, tumesikia mpaka Sandoa kwamba unataka kununua nyumba Kolwezi kwa mkopo. Hongera! Tuseme ni dola 20,000, riba asilimia 15 kwa mwaka, miaka 15. Kila mwezi, dola 280 hivi. Mwezi wa kwanza, 250 ni riba. 30 tu ndizo zinazogusa deni. Mwishowe utakuwa umetoa zaidi ya 50,000: nyumba moja yako, moja na nusu ya benki. Mshahara wako, bila shaka, ni wa faranga, na deni ni la dola. Sisi washamba tunachoma matofali, tunapandisha ukuta kiangazi hadi kiangazi. Mvua ikibomoa, haidai riba. Na udongo wenyewe? Tangu sheria ya ardhi ya Julai 1973, ni mali ya Serikali.