Hutaga, Hunyonyesha, Haingii Kwenye Jedwali

Nchi hii inapenda visanduku. Ukienda kwa chifu, unapewa fomu ya visanduku. Ukienda hospitali, visanduku. Ndovu akikumalizia mahindi hapa Ndara, karibu na Voi, unaletewa fomu ya fidia, na machozi hayajakauka unaulizwa mnyama alikuwa wa aina gani, utadhani kuna sungura aliyewahi kung'oa mpapai. Sasa visanduku vimenifuata hadi sebuleni, ndani ya mkoba wa binti yangu wa Gredi ya 6.

Kazi ya nyumbani ilikuwa kupanga wanyama. Mamalia: huzaa na kunyonyesha. Ndege: hutaga. Reptilia: hutaga. Amfibia: hutaga majini. Chini kabisa: "Mzazi amsaidie mtoto, kisha atie sahihi." Hiyo sahihi ndiyo iliyonichoma. Karo nalipa, manila nanunua, gundi nanunua, na sasa nitie sahihi kuthibitisha uumbaji.

"Baba, kwa hivyo hakuna mamalia anayetaga?"

"Wapo, mama. Andika platipasi, na ekidna."

Platipasi ni wa Australia. Ana mdomo wa bata, mkia mpana na manyoya mazito. Dume ana mwiba wenye sumu mguuni. Anataga, mayai yakianguliwa ananyonyesha, na chuchu hana. Maziwa yanamchuruzika ngozini na watoto wanaramba hapo hapo kwenye manyoya. Mwaka 1799, George Shaw wa Uingereza alipomweleza kwa mara ya kwanza kwenye maandishi ya kisayansi, alishuku kuna mjanja aliyeshonea mdomo wa bata kwenye ngozi ya mnyama mwingine. Mabishano ya mayai nayo yakaendelea hadi 1884, mtafiti William Caldwell alipoyaona mwenyewe na kupeleka habari kwa simu ya maandishi. Miaka 85! Na muda wote huo wenyeji wa Australia walikuwa wakisema mnyama huyu anataga. Nani angewasikiliza? Hawakuwa na fomu.

Ukimjumlisha platipasi na ekidna wa aina 4, wa Australia na kisiwa cha New Guinea, mamalia wanaotaga waliobaki duniani ni aina 5 tu. Na tusiwacheke. Mamalia wa kale walikuwa wakitaga. Ukoo wa hawa ulijitenga na wetu zaidi ya miaka milioni 160 iliyopita, ukashika mila. Walioacha desturi ya wazee ni sisi.

Daftari likarudi na kalamu nyekundu: "Mamalia hawatagi." Chini yake, sahihi yangu, nayo imewekewa mkasi. Shule siitaji, mtoto bado anasoma pale.

Lakini kinachonikera zaidi ni kwamba hatukuwa na haja ya kwenda Australia kutafuta kiumbe wa kuvuruga jedwali. Huku kwetu yupo, juu ya mlima wa Sagalla, ule ambao wasafiri wa karne ya 19 waliuandika Ndara. Nilikuwa kwa shemeji yangu huko juu wakati wa vuli, tunachimba chini ya mgomba, udongo umelowa vizuri. Jembe likafunua kitu chembamba kama penseli, kina pete mwili mzima, kinateleza, macho hayaonekani.

"Shemeji, rudi nyuma! Nyoka!"

"Si nyoka huyo. Weka jembe chini."

"Basi ni mnyoo."

"Mnyoo gani ana uti wa mgongo na meno?"

"Ana meno? Sasa unanizuia nini nisimkate?"

Huyo ni sesilia wa Sagalla, amfibia, jamaa wa chura aliyekosa miguu. Vizazi na vizazi vya wakulima vimekutana naye kwenye jembe, lakini cheti cha kuzaliwa alipewa mwaka 2005, wanasayansi akiwemo Patrick Malonza wa Makavazi ya Kitaifa ya Kenya walipomwandika kwa jina Boulengerula niedeni. Porini hapatikani kwingine duniani. Milima ya Taita, ng'ambo ya Voi, ina sesilia wake mwingine. Wadawida wa huko wana lugha yao na Wasagalla wana yao, kumbe hata chini ya ardhi ni hivyo hivyo: huwezi kuvuka nyika kavu kwenda kusalimia jamaa kama ngozi yako inataka unyevu saa zote.

Huyo wa Milima ya Taita ndiye anayeniliza. Mwaka 2006 watafiti walieleza jinsi anavyolea. Mama anataga udongoni, si majini, kwa hiyo safu ya nne ya jedwali imeshakwenda. Kisha ngozi yake inanenepa hadi maradufu, inajaa mafuta, na watoto wanazaliwa na meno maalumu ya kuikwangua. Wanamla mama ngozi ya juu, inaota nyingine, wanarudi. Naye ametulia tu. Na mwaka 2024 ikatangazwa kwamba sesilia mmoja wa Brazil anataga halafu anawapa watoto maziwa, yakitokea upande wa nyuma, na watoto wanayadai kwa kelele. Amfibia huyo, mwalimu. Kalamu nyekundu unayo?

Basi tuko hivi: mtoto wa Voi akifaulu sana atamjua platipasi ambaye hatamwona maishani, na huyu wa mgombani atamkata kwa jembe. Mikaratusi tuliyoijaza mlimani inaendelea kunyonya maji ya udongo anamoishi. Watalii wanafika Sagalla kutazama uzio wa mizinga ya nyuki unaozuia ndovu, wanapiga picha, wanaondoka. Hakuna anayeuliza ni nani aliyelala udongoni kule juu.

Nimeandika barua shuleni. Sikuomba alama, nimeomba jedwali liongezwe safu ya tano, ya wazazi wanaokwanguliwa ngozi na watoto wao. Mfano wa kwanza, sesilia. Wa pili, mzazi yeyote wa Voi mwezi wa Januari. Hapo sahihi nitatia bila kusukumwa.